Mfereji uliokohoa

Umeme ukikatika nyumbani hata kwa robo saa, wanangu huanza kunung'unika, nami hukumbuka ghorofa ya nne ya Michenzani na tarehe 10 Disemba 2009, siku ambayo Unguja yote ilizimika na ikabaki hivyo hadi Machi 2010.

Umeme wetu ulitoka Bara kwa waya mmoja tu, uliolazwa chini ya bahari mwaka 1980 kutoka Ras Kiromoni hadi Fumba. Njia hiyo ilikuwa imeshatuacha gizani kwa takriban mwezi mmoja mwaka 2008, kati ya Mei na Juni, kwa hiyo ilipokatika tena tulidhani tunajua yatakayotukuta. Hatukujua.

Jamaa waliotupigia simu kutoka Dar es Salaam walitupa pole ya giza, ilhali giza lenyewe lilikuwa jepesi, maana vibatari na chemli havikuwa vigeni kwetu. Kilichotuelemea ni maji. Pampu zinazovuta maji visimani huendeshwa kwa umeme, na zilipokaa kimya mifereji ya mji, yaani mabomba ya majumbani, ilikauka, hivyo sisi wa ghorofani tukawa tunashuka kabla ya alfajiri kupanga foleni ya madumu kwenye kisima cha mtaa wa pili, kisha kuyapandisha ngazi moja moja, dumu la lita ishirini kila mkono. Mama alikuwa akiyagawa kama mtu agawaye mirathi: haya ya kupikia, haya ya udhu, na yaliyooshea mchele yasimwagwe, yatatumika chooni.

Jirani yetu wa mlango wa pili alikuwa akiuza malai za ubuyu kwa watoto wanaotoka chuo cha Kurani, na friza yake ndiyo iliyokuwa ikilipa ada za wanawe wawili. Wiki ya kwanza aliifunika kwa mablanketi akitumaini baridi itadumu. Wiki ya tatu nilimkuta ameigeuza kasha, ndani mna mchele, unga na kanga zilizokunjwa vizuri, na hakutaka kabisa tuizungumze. Wavuvi nao, kwa kukosa barafu, waliuza samaki wa jioni kwa bei ya kutupa, na yule ambaye hakununuliwa alitiwa chumvi akawa ng'onda.

Wenye uwezo waliwasha jenereta. Vichochoro vya Mji Mkongwe ni vyembamba mno, na moshi wa dizeli ulikuwa ukikaa humo hadi usiku wa manane. Tamasha la Sauti za Busara lilifanyika Februari kama kawaida pale Ngome Kongwe. Tulisikiliza muziki chini ya taa kali, tukarudi nyumbani kwa kupapasa ngazi. Sikuona vibaya, ingawa baba alinuna.

Baadaye Pemba iliunganishwa na Tanga kwa waya wake, na mwaka 2013 Unguja ikapata waya mpya wa megawati 100 uliogharimiwa na Marekani.

Umeme uliporudi ilikuwa mchana, kwa hiyo hatukuiona taa. Tulichosikia ni mfereji wa jikoni, ambao mtu aliusahau wazi, ukikohoa hewa, ukatema maji ya kahawia. Mama hakushangilia. Aliita ndoo.