Vitone vya saa kumi usiku

Kisumu, Jumapili

Leo nimetandaza madaftari yangu yote matatu sakafuni, kurasa wazi, nikapanda juu ya kiti ili niyaone kwa pamoja. Jirani aliyekuja kuomba chumvi akaniuliza kama nimepoteza kitu. Nikamwambia nahesabu. Sikumdanganya.

Kwa wasiojua: mimi huandika mwanga. Ni tafakuri ya kwetu, ya upande wa baba, na sijawahi kukutana na mtu nje ya ukoo wetu anayeifanya. Unaamka saa kumi usiku, huwashi taa wala kugusa simu, unakaa mkekani, unafumba macho na kutulia hadi usahau kwamba unapumua. Giza la ndani ya kope si giza tupu. Ukilivumilia huanza kuchemka. Vinakuja vitone, mistari, miduara, mara nyingine kitu kama utando wa buibui wenye umande. Huvifukuzi, huvifuati. Ukimaliza unavichora kabla hujasema neno na mtu yeyote. Kitone ni mgeni. Mstari ni njia. Duara ni mlango, na mlango ukija siku tatu mfululizo ujue kuna habari, ya heri au ya shari. Ipi kati ya hizo mbili, shangazi hakufafanua, nami nashuku wazee waliliacha wazi makusudi wasije wakaumbuka.

Shangazi huchora kwa chaki ya fundi kwenye kipande cha kaniki. Anashona nguo Kaloleni tangu sijazaliwa, chaki hazimwishi. Anachora, anautazama mchoro wake huku akinywa chai ya rangi, jua likitoka anaikung'uta kaniki dirishani. Basi. Kesho inaanza safi.

Mimi ni karani wa duka la vifaa vya ujenzi. Siku yangu nzima ni misumari kwa kilo, saruji kwa mifuko, risiti na nakala ya risiti. Aliponifundisha, mwezi wa nane mwaka jana, nilijaribu kaniki kwa wiki moja, na kila nikiikung'uta moyo uliniuma kama mtu aliyetupa stakabadhi. Nikanunua daftari la hesabu, lile la mirabaraba, na pakiti ya penseli za rangi. Juu ya kila ukurasa, tarehe na saa. Pembeni, idadi ya wageni. Shangazi aliliona akaguna tu.

Na wageni walikuja! Siku nyingine 11, siku nyingine zaidi ya 30, wamejipanga chini ya ukurasa kama watu kwenye benchi la zahanati, kila mmoja akitetemeka kivyake. Walikuwa weupe, ila penseli nyeupe haionekani kwenye karatasi, kwa hiyo niliwatia manjano. Nilivyowapenda sina namna ya kueleza. Kuna asubuhi nilifika dukani nimejawa utulivu hata nikawavumilia wale wa "andika, nitalipa kesho". Niliamini ni marehemu wetu. Yule wa kushoto kabisa nilimwita babu. Naandika hili nikiona haya.

Ijumaa usiku ndipo nilipoona pengo. Kila mwezi kuna siku tatu, nne hivi, hazina mgeni hata mmoja. Kwanza nilidhani ni uchovu wa kufunga hesabu dukani mwisho wa mwezi, lakini hapana, pengo lenyewe lilikuwa linahama. Nikaichomoa kalenda ya msikiti nyuma ya mlango, nikalinganisha. Tarehe 13, 14, 15. Siku nyeupe, zile za kufunga sunna. Nywele zilinisimama. Wageni wangu wanafuata mwezi mwandamo!

Furaha hiyo ilidumu mpaka nilipofungua kurasa za mwezi wa nne. Hakuna kitu. Wa tano, hakuna kitu, isipokuwa usiku mmoja wenye vitone viwili. Wa sita na wa saba, kavu. Kisha mwanzo wa mwezi wa nane, pap, wageni 26.

Mtu aliyekulia kando ya ziwa hili ameshaelewa. Mimi ilibidi niinuke niende dirishani.

Naishi Nyalenda, ghorofa ya nne, na dirisha la sebule linatazama ziwa, upande wa Dunga. Kabla ya kukaa mkekani huwa nasimama pale na glasi ya maji dakika kumi, kumi na tano, nikiutoa usingizi. Na saa kumi usiku majini kuna nani kama si wavuvi wa omena, wale samaki wadogo ambao wenzetu wa Mwanza huwaita dagaa? Zamani walibeba karabai, siku hizi wengi wana taa za sola, zinaelea juu ya maji, wadudu wanazifuata, omena wanapanda, wavu unawazunguka. Ukiwa mbali, unachoona ni safu ya vitone vinavyotetemeka. Mwezi ukiwa mpevu, zile tarehe 13 hadi 15, nuru yake hutapakaa ziwa zima, taa haina cha kumwitia samaki, na wavuvi hulala nyumbani. Tena kuanzia tarehe 1 Aprili hadi 31 Julai uvuvi wa omena hufungwa ili wazaliane. Kwa hiyo vile vitone viwili vya mwezi wa tano ni waliovua kwa kuiba. Ushahidi ninao, kwa penseli.

Sikulala. Nilivunja mwiko nikashika simu, nikasoma hadi adhana. Jan Purkyně, mwanasayansi wa Bohemia (Ucheki ya leo), alichapisha mwaka 1819 michoro ya mwanga aliouona kwa kupunga vidole kati ya jicho lake na jua. Naye alipata mirabaraba, kama karatasi yangu. Lakini kilichonikaa ni jaribio la mtafiti Robert Stickgold na wenzake wa Chuo Kikuu cha Harvard, la mwaka 2000. Waliwachezesha watu Tetris, mchezo wa kompyuta wa kupanga vipande vinavyoanguka, na watu hao walipoanza kusinzia waliona vile vipande vikianguka. Hata wagonjwa waliopoteza kumbukumbu, wasiokumbuka kabisa kwamba wamewahi kuucheza mchezo ule, waliviona. Hapo nikazima simu.

Jana nikaenda Kaloleni.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Mbona umenuna?"

Nikamweleza yote, na kalenda nikaitoa mkobani. Alikuwa anapinda sketi ya sare ya shule, hakuinua macho.

"Kwa hiyo wageni wako wakijaa, omena wamejaa sokoni."

"Ndiyo."

"Wasipokuja, bei inapanda."

"Ndiyo, shangazi."

Akakata uzi kwa meno. "Basi daftari lako lina faida. Kabla sijaenda sokoni Kibuye kununua gorogoro ya omena, nitakuwa nakupigia."

Nilitaka akasirike, au angalau anitetee. Nikamuuliza yeye huona nini. Ni swali ambalo kwetu haliulizwi, lakini nilikuwa nimeshaharibu vya kutosha.

"Maji," akasema.

"Maji gani?"

"Maji, mwanangu. Kwani kuna mengine?"

Dirisha la chumba chake linatazama ukuta wa jirani, futi sita tu. Ziwa halionekani pale hata ukipanda paa. Niliwaza tarehe, niliwaza misimu ya mvua, niliwaza bomba la uani linalovuja. Ningekuwa na kurasa zake za mwaka mmoja tu, ningekaa nazo usiku kucha. Ila zote amezikung'uta dirishani, asubuhi baada ya asubuhi, na mimi hesabu isiyo na kitabu siwezi kuikagua.

Alfajiri ya leo nimehamishia mkeka kwenye kijia cha jikoni, ubavuni mwa friji, mgongo nimeupa ziwa. Glasi ya maji nimeinywea kitandani. Nilipofumba macho nikapata mirabaraba ya rangi ya chungwa, safi, yenye pembe kali, nikachora kwa haraka mkono ukinitetemeka. Kisha nikageuka nyuma. Ni grili ya mlango, na balbu ya ngazini nyuma yake.

Nimeandika pembeni: grili. Usiku wa leo nitaitundikia leso.