Piti ya Ayalandi: kukata ni siku chache, kukausha ni msimu mzima

Wengi wanaosimulia historia ya piti ya Ayalandi hukaa sana kwenye kuchimba. Wanaeleza kinamasi, jembe na mgongo uliopinda, kisha wanarukia moto jikoni. Lakini kazi yenyewe iko katikati, nayo ni kutoa maji.

Piti ni mimea iliyokufa ndani ya maji yasiyo na hewa, ikashindwa kuoza. Sehemu kubwa ni mmea mdogo laini uitwao Sphagnum. Huongezeka kama milimita 1 kwa mwaka, kwa hiyo ukuta wa piti wenye kimo cha mtu umechukua zaidi ya miaka 1,500 kujijenga. Ikitoka kinamasini, katika kila kilo 100 kuna kilo 90 hivi za maji. Ili iwake vizuri, maji yanatakiwa yashuke hadi asilimia 30 hivi. Fanya hesabu: zile kilo 10 za kitu kikavu, pamoja na maji yaliyobaki, zinakupa kuni za kilo 14 tu. Kilo 86 lazima ziondoke kwa upepo na jua, tena katika nchi ambayo hakuna mwezi usio na mvua.

Ukiielewa hesabu hiyo, kila hatua ya wazee inaeleweka.

Kazi huanza na mfereji, mapema kadiri iwezekanavyo, hata mwaka mzima kabla ya kukata. Kisha ngozi ya juu yenye majani na mizizi huchunwa kwa sepetu. Haitupwi ovyo. Hupangwa chini, mahali palipokwisha kukatwa, ili nyasi zishike tena na mkokoteni upate njia. Asiyejali hilo huachiwa dimbwi ambalo hata punda hapiti.

Chombo cha kukatia huitwa sleán. Ni jembe jembamba la mpini mrefu, lenye bawa moja la chuma lililosimama pembeni mwa ubao wake. Bawa hilo ndilo siri yake: kwa msukumo mmoja ubao unakata nyuma na bawa linakata ubavu, na kwa kuwa pande nyingine ziliachwa wazi na mkato uliotangulia, kipande cha piti, yaani tofali, kinatoka kizima. Vipimo hutofautiana kijiji kwa kijiji, lakini tofali bichi ni kama sentimita 10 kwa 10, urefu wa 30 hivi. Kuna wanaokata kwenda chini wakiwa juu ya ukingo, na kuna wanaosimama chini wakaukata ukuta kwa mbele. Kila upande unaamini wenzao wanajitesa bure.

Mkataji hafanyi kazi peke yake. Mdakaji hulipokea tofali likiwa linateleza na kudondosha maji, akaliweka kwenye toroli isiyo na kuta, yenye gurudumu pana lisizame. Wa tatu hulisukuma hadi uwanja wa kuanikia. Kadiri mnavyoshuka ndivyo rangi inavyobadilika. Ya juu ni hudhurungi hafifu, nyepesi, huwaka haraka na kuisha haraka. Ya chini kabisa ni nyeusi na nzito, na ndiyo ya usiku wa Januari.

Msimu wa kukata ni kuanzia mwishoni mwa Machi hadi Juni. Ukikata mapema mno, baridi kali inakukamata: maji ndani ya tofali huganda, barafu inalipasua, na asubuhi unakuta chenga zisizofaa hata kuokota. Ukichelewa, jua la Ayalandi halitakusubiri.

Matofali hutandazwa moja moja bila kupandiana. Hali ikiwa nzuri, baada ya wiki moja au siku kumi huota ngozi ngumu juu. Yanageuzwa. Kisha inakuja kazi ambayo kila aliyekulia huko anaikumbuka kwa kiuno chake: kuyasimamisha. Matofali matano au sita huegemezwa pamoja yakiwa wima, na moja hulazwa juu kama kofia, kikawa kinara ambacho upepo unapita kati yake. Kipimo cha kujua wakati ni rahisi: shika tofali kwa ncha moja ulinyanyue. Likipinda, bado. Likikaa sawa, anza. Ukiharakisha, vinara vyako vitalainika na kuanguka. Ukichelewa, nyasi zinaota kupitia chini ya tofali na upande huo hautakauka tena. Watoto walifanya kazi hii kwa wingi, kwa sababu wako karibu na ardhi, au ndivyo wakubwa walivyojitetea.

Baada ya wiki kadhaa vinara huunganishwa kuwa marundo makubwa zaidi, kisha piti hupelekwa barabarani na hatimaye nyumbani kwa punda na matenga. Tofali limesinyaa sana kufikia hapo. Kuna jambo la kushangaza hapa: piti ikikauka sawasawa hainyonyi maji upya kwa urahisi. Ndiyo maana rundo la nyumbani liliweza kukaa nje majira yote ya baridi, mradi matofali ya ukuta wa nje yamepangwa yakiinamia nje ili mvua iteleze.

Jikoni, moto ulikaa chini sakafuni, na katika nyumba nyingi haukuzimwa. Usiku makaa yalifukiwa kwa majivu, asubuhi yakafukuliwa. Mkate wa magadi uliokwa ndani ya sufuria nzito ya chuma, makaa chini na makaa juu ya kifuniko. Yeyote aliyewahi kuupalia wali moto anaijua kanuni hiyo. Hata shule zilitegemea piti: mtoto alikuja na tofali moja au mawili kwapani, moto wa darasa ukawaka kwa michango hiyo.

Kinamasi kina hatari zake. Ukuta mrefu uliokatwa bila kutolewa maji vizuri ni kama bwawa lenye ukingo wa matope. Usiku wa kuamkia tarehe 28 Desemba 1896, huko Knocknageeha katika kaunti ya Kerry, kinamasi kilipasuka baada ya mvua kubwa, kikateremka bondeni na kuifukia nyumba pamoja na watu wanane wa familia moja. Wanasayansi waliokwenda kuchunguza walionyesha kwamba mporomoko ulianzia kwenye ukuta wa kukatia piti.

Upande mwingine, piti huhifadhi. Barabara ya mbao za mwaloni huko Corlea, kaunti ya Longford, ilijengwa kwa miti iliyokatwa mwaka 148 kabla ya Kristo, ikafunuliwa na mashine za piti katika miaka ya 1980. Kule Mayo, mwalimu wa shule Patrick Caulfield aliona katika miaka ya 1930 kuta za mawe zikijitokeza chini kabisa ya piti aliyokuwa akikata, akafikiri sawasawa: kama zimefunikwa, basi waliozijenga walitangulia kinamasi chenyewe. Mwanawe Seamas alisomea akiolojia akathibitisha kwamba ni mashamba ya wakulima wa kale, yanayoitwa leo Céide Fields.

Serikali iliingia kwenye kazi hii mwaka 1934 kwa kuunda bodi ya kuendeleza piti. Vita Kuu ya Pili ilipopunguza makaa ya mawe kutoka Uingereza, halmashauri za kaunti zikaamriwa zikate piti kwa nguvu zote, na bustani ya Phoenix Park mjini Dublin ikajaa marundo kando ya barabara yake kuu. Watu wa mjini walilalamika sana kwamba piti imelowa. Iliuzwa kwa uzito, kwa hiyo walilipia maji. Haraka ya vita iliruka ile hatua ambayo hairukiki.

Mwaka 1946 lilizaliwa shirika la serikali la piti, Bord na Móna, na mwaka 1950 kituo cha umeme cha Portarlington kikaanza kuchoma piti. Njia iliyokuja kutawala haikuwa ya matofali tena. Mashine zilikwangua tabaka jembamba la sentimita 1 hivi, likageuzwa juani siku mbili tatu, likakusanywa kama unga na kubebwa na treni ndogo. Lengo lilikuwa mavuno kama 12 kwa msimu, na msimu wa mvua nyingi ulilivuruga. Umeme wa taifa ukawa unasubiri jua lilelile walilolisubiri wazee.

Kwa wakataji wa nyumbani, mageuzi yalikuja baada ya sheria ya mwaka 1981 iliyotoa ruzuku kwa wamiliki binafsi. Ekskaveta huchimba, humimina kwenye mashine inayovutwa na trekta, na mashine inasokota piti na kuitema kwa mistari mirefu. Kazi ya wiki inakwisha kwa saa chache. Lakini angalia mashine iliishia wapi: ilichukua nafasi ya sleán na toroli tu. Kusimamisha kunafanywa kwa mikono hadi leo, na ndiko kulikokuwa kugumu. Kwa maoni yangu mashine ilivunja kitu kimoja cha maana, yaani kusaidiana kwa majirani siku ya kukata, na ikawaachia watu ile sehemu ya kiuno.

Sasa mlango unafungwa. Vituo vya umeme wa piti vya Shannonbridge na Lanesborough vilizimwa mwishoni mwa 2020, na Januari 2021 Bord na Móna ikatangaza kuacha rasmi kuvuna piti. Vinamasi 53 vinavyolindwa chini ya sheria za Ulaya vilikuwa vimeshazua ugomvi mkali kati ya serikali na wenye haki ya kukata. Waliokubali kuacha waliahidiwa euro 1,500 kwa mwaka kwa miaka 15, au kuhamishiwa kinamasi kingine. Tangu Oktoba 31, 2022, piti hairuhusiwi kuuzwa madukani wala mtandaoni, ingawa mwenye haki ya kukata anaweza kujikatia na kuwagawia majirani. Mifereji mingi ya Bord na Móna inazibwa kwa mabwawa madogo ili maji yapande na Sphagnum irudi.

Wasomaji wa Burundi na Rwanda hawahitaji kuelezwa piti ni nini. Wataalamu wa Bord na Móna walifanya kazi Burundi, ambako shirika la ONATOUR linachimba piti, na Rwanda imejenga vituo vya umeme vya piti Gishoma na Gisagara. Jua la huko ni kali zaidi, lakini mvua ina misimu miwili, na mabonde yanayochimbwa ndiyo yaleyale yanayolimwa. Kiangazi cha Juni hadi Agosti ndicho kipindi cha kuaminika cha kuanika, na hesabu ya kilo 100 kuwa kilo 14 ni ileile.