Kasisi Aliyekuja na Sigara

Wapendwa katika Bwana, wiki hii nimehukumiwa na kinywa changu mwenyewe. Jumanne nilikwenda msibani kwa mama aliyefiwa na mwanawe wa pekee, na kabla sijakaa vizuri mkekani nilikwisha kumwambia kwamba Bwana alitoa na Bwana ametwaa. Hakunijibu. Aliendelea kuchomoa ukindu uliolegea ukingoni mwa mkeka, mmoja baada ya mwingine, mpaka nikaaga.

Tangu hapo nimekuwa nikimfikiria Geoffrey Studdert Kennedy, kasisi wa Kianglikana aliyezaliwa Leeds, Uingereza, mwaka 1883, ambaye mwishoni mwa 1915 aliliacha kanisa lake la Worcester akaenda Ufaransa kuwahudumia askari wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Kwenye stesheni ya Rouen aliwaaga waliokuwa wakipelekwa vitani kwa kuwagawia Agano Jipya na sigara za Woodbine, hata wakambandika jina la Woodbine Willie. (Najua wapo walokole wenzangu watakaokwazika, mimi pia nilikwazika kidogo.) Mwaka 1917 huko Messines, Ubelgiji, mtu huyu mwenye pumu alizunguka chini ya mizinga akiwatafuta majeruhi ndani ya mashimo ya makombora, wa kwao na wa adui, akawasaidia kufika kwa madaktari, na kwa hilo akapewa Military Cross, nishani ya ushujaa.

Hayo yaliigeuza theolojia yake. Katika kitabu alichokitoa 1918 alimkataa Mungu anayedhaniwa kukaa enzini akipanga vita huku yeye mwenyewe haguswi na lolote; aliyemhubiri ni Mungu wa msalabani, anayeumia pamoja na wanaoumia.

Ndugu zangu, sisi tunamwakilisha Mungu yupi misibani? Rafiki za Ayubu waliketi naye chini siku saba, mchana na usiku, pasipo kunena neno, na hiyo ndiyo sehemu pekee ya ziara yao isiyo na lawama. Paulo anatuagiza tulie pamoja nao waliao, wala hakusema tuwaeleze kwa nini wanalia. Lakini sisi tunaigeuza kila turubai kuwa mimbari, tunahubiri mpaka jua linazama, tunamhoji mfiwa kama marehemu alikuwa ameokoka, kisha tunakula wali na kutawanyika, na wiki ya pili hakuna hata mmoja wetu anayebisha hodi pale. Tuchote maji. Tuoshe masufuria. Tukae.

Studdert Kennedy alifariki Liverpool mwaka 1929 akiwa na miaka 45, naye alipozikwa Worcester, watu waliurushia msafara wa jeneza lake pakiti za Woodbine.

Kesho asubuhi nitarudi kwa yule mama na sukari na mkaa. Biblia nitakwenda nayo, ila itabaki mkobani mpaka aitake mwenyewe.