Nishike mkono

Asalam aleikum ndugu zangu, Ijumaa njema. Wiki nzima hii namuwaza Shadia, yule staa wa sinema wa Misri, jina alopewa na wazazi ni Fatma Ahmed Kamal Shaker, kazaliwa 1931 hukohuko Misri.

Kaanza filamu 1947 bado binti mdogo, mpaka anaacha kashacheza zaidi ya 100, na kuimba anaimba. Mwanzo walikuwa wanampa zile sehemu za msichana mchangamfu mwenye vicheko vyake, afu 1959 akacheza Al-Mar'a al-Majhula, yaani Mwanamke Asiyejulikana, humo anazeeka hivihivi unamuona, katenganishwa na mwanawe tangu mdogo na siku kasimamishwa kortini wakili anayemtetea ndo huyohuyo mwanawe na hajui kama huyu ni mama yake. Shukry Sarhan alocheza mtoto kamzidi Shadia umri kwa miaka kadhaa! Yeye ana 28 tu, lakini ukimtazama unaona bibi kabisa alochoshwa na dunia. Na katika maisha yake mwenyewe Allah hakumjaalia kuzaa.

Sasa nifike kwenye kilichonigusa. Mwaka 1986, ana miaka 55, watu bado wanamtaka, akapanda jukwaani kwenye sherehe ya kidini akaimba Khud bi-Eedi, maana yake nishike mkono. Jamani, mtu mzima, nchi nzima inamjua, anaomba ashikwe mkono kama mtoto anayevushwa barabara! Baada ya hapo akaaga, akajistiri na hijabu, akakaa kimya zaidi ya miaka 30, na moyo wake akauelekeza kwa mayatima.

Mimi kila nikisoma Suratul Hadid aya ya 16, pale Allah anapouliza je, haujafika wakati kwa walioamini nyoyo zao zinyenyekee kwa kumkumbuka Mwenyezi Mungu, naona nimeulizwa mimi, na jibu langu siku zote ni ngoja kwanza, ngoja nimalize hili, ngoja watoto wakue. Yeye hakungoja makofi yaishe.

Alifariki Cairo tarehe 28 Novemba 2017, akasaliwa msikiti wa Sayyida Nafisa. Leo baada ya sala tumsomee Fatiha, na mnisomee na mimi dua, bado nasemasema ngoja.