Nilivyompeleka mama Chichén Itzá na kumwingiza kwenye senote

Mama yangu amevuka miaka sabini, magoti yanamsumbua, na ingawa amekulia Tanga karibu na bahari, hajawahi kuingia maji yaliyompita kifua. Alipokuja kututembelea Houston hakuomba maduka wala maghorofa. Aliomba apelekwe kwenye ile piramidi ya Mexico aliyoiona kwenye televisheni, iliyoko Chichén Itzá, magofu ya mji wa kale wa Wamaya, wenyeji wa huko. Mimi nikaongeza jambo langu kimoyomoyo, nalo ni kwamba siku hiyohiyo aingie kwenye senote, yaani yale mashimo ya asili yenye maji matamu ambayo Wamaya waliyategemea. Yote mawili yaliwezekana, na nataka kueleza ilikuwaje, kwa sababu jamaa zetu wengi walioko Marekani na Kanada huishia ufukweni Cancún. Wachache wanaofika kwenye magofu hupelekwa na basi kubwa linalofika jua limeshapanda utosini, mzee akabaki kutafuta kivuli badala ya kutazama alichokifuata.

Kwanza karatasi. Mama ana pasipoti ya Tanzania na viza ya Marekani ambayo muda wake haujaisha. Mexico humruhusu mwenye viza kama hiyo kuingia kama mtalii bila kuomba ya kwao, na mimi mwenye ukaazi wa kudumu vilevile. Hata hivyo, taratibu hubadilika, kwa hiyo soma tovuti ya ubalozi wao kabla hujalipa tiketi ya ndege.

Kilichotusaidia kuliko vyote ni kulala kwenye mji wa Valladolid. Kutoka Cancún hadi Chichén Itzá ni kama kilomita 200, ila kutoka Valladolid ni 45 hivi tu. Tulishuka uwanja wa ndege wa Cancún, tukaenda mjini na kupanda basi la ADO. Jambo ambalo wengi hawaambiwi ni kwamba jimbo la Quintana Roo, iliko Cancún, liko saa moja mbele ya jimbo la Yucatán, iliko Chichén Itzá. Ukitoka Cancún kwenda magharibi unapata saa ya bure, na ukirudi unaipoteza, kwa hiyo mwenye ndege ya jioni awe macho. Siku hizi kuna pia treni, Tren Maya, yenye stesheni Valladolid na nyingine Chichén Itzá. Sisi hatukuitumia.

Kumtafuta mwongoza watalii nilikufanya kwa makini kama mtu anayechagua fundi wa kumjengea nyumba. Niliwaandikia watu kadhaa ujumbe nikiuliza maswali yaleyale. Mnafika getini saa ngapi? Bei yenu imejumlisha tiketi zote mbili? (Hapo getini kuna malipo mawili, ya serikali kuu na ya jimbo, na safari nyingine hutangaza bei rahisi kisha ukadaiwa yote mawili mlangoni.) Mnapita kwenye duka la vinyago, na mnakaa humo muda gani? Mnakwenda senote ipi, na ngazi zake zikoje kwa mtu wa magoti? Una kitambulisho cha uongozaji kutoka wizara ya utalii? Wengi walinijibu kwa kunitumia matangazo. Mmoja alinitumia picha ya ngazi zenyewe, akaandika kwamba yeye angetupeleka Yokdzonot badala ya senote maarufu iliyo jirani na magofu, kwa sababu kule watu ni wachache na hakuna atakayemharakisha mama. Nikamlipa huyo.

Tulikwenda Januari, joto likiwa limepungua, na tulikwepa Jumapili, siku ambayo raia wa Mexico huingia bure na watu hujaa. Geti hufunguliwa saa mbili asubuhi na sisi tulikuwa pale kabla ya hapo, mama na kofia yake ya ukili na kile kistuli cha kukunja nilichomnunulia. Kistuli kile kilimfaa kuliko dawa zote za magoti. Kila mwongozaji aliposimama kueleza, mama aliketi.

Unatoka kwenye miti na ghafla piramidi ya Kukulkán, mungu wao wa umbo la nyoka, iko mbele yako, uwanjani, peke yake. Ina kimo cha mita 30 ukihesabu na hekalu la juu. Kila upande una vipandio 91, nne mara hizo ni 364, na kile cha mwisho cha hekaluni kinakamilisha 365, siku za mwaka. Machi na Septemba, mchana na usiku vinapolingana, jua la alasiri huangusha kivuli kwenye ukingo wa ngazi ya kaskazini kikaonekana kama mwili wa nyoka unaoteremka hadi kwenye kichwa cha jiwe kilichopo chini. Kupanda kumekatazwa kwa miaka mingi sasa. Mama alifurahi kusikia hivyo, maana hapo mwenye magoti na asiye nayo wako sawa. Mwongozaji akatuambia tupige makofi mbele ya ngazi, na mwangwi ukarudi umegeuka mlio mkali unaoshuka, ambao wenyewe wanaufananisha na sauti ya ndege quetzal.

Mama alitazama muda mrefu. Kisha akaniuliza, "Mwanangu, hawa walikuwa wakichota maji wapi?"

Nilipotafsiri, yule kijana mwongozaji alisimama, akamgeukia mama kabisa, na tangu hapo alimweleza yeye kwanza na sisi wengine tukawa wasikilizaji. Kaskazini ya Yucatán haina mito inayopita juu ya ardhi. Mvua inazama kwenye mawe ya chokaa, maji yanayala mawe hayo chini kwa chini kwa maelfu ya miaka hadi kunakuwa na mapango, na dari ya pango ikiporomoka, ndiyo senote. Hilo mama halikumpa taabu. Mapango ya Amboni, kwetu Tanga, ni ya mawe ya chokaa yaliyochongwa na maji vilevile, na alipokuwa msichana alikwenda huko na wenzake. Mji huu, akaendelea kijana, ulikaa hapa kwa sababu ya maji. Senote ya Xtoloc, iliyo ndani ya eneo hili, ilikuwa ya matumizi ya watu. Ile kubwa ya kaskazini ilikuwa ya ibada. Na mwaka 2015 watafiti wa UNAM, chuo kikuu cha taifa cha Mexico, walitangaza kwamba vipimo vyao vya umeme ardhini vimeonyesha uwazi wenye maji chini ya piramidi yenyewe.

Baada ya hapo nilianza kuyaona maji kila mahali. Kwenye kuta za majengo ya kusini kuna sura zenye pua ndefu iliyojikunja, na waongozaji huzitaja kuwa ni za Chaac, mungu wao wa mvua. Uwanja wa mchezo wa kale wa mpira, wenye urefu wa mita 168, na zile nguzo nyingi za Hekalu la Mashujaa tulivipita tukavistaajabia, lakini mama alikuwa anataka kufika kwenye kisima. Ndivyo alivyokiita, kisima.

Barabara ya kale ya mawe inatoka uwanjani hadi kwenye senote takatifu, tambarare, kama mita 300 hivi, pembeni wachuuzi wamepanga vinyago na zile filimbi zinazonguruma kama chui wa kwao. Shimo lenyewe ni pana, karibu mita 60, kuta zimesimama wima, na maji yake ya kijani yako chini sana. Hapa haogelei mtu. Mwanzoni mwa karne ya 20 Mmarekani Edward Thompson, aliyekuwa amelinunua shamba lenye magofu haya, alilikokoa tope la chini akatoa dhahabu, jade, ubani na mifupa ya watu, na sehemu kubwa ikapelekwa jumba la makumbusho la Peabody, Chuo Kikuu cha Harvard. Baadhi imerudishwa Mexico. Mimi naona yote ingerudi.

Mwongozaji alituuliza kama tunataka kusikia habari ya watoto. Nilipenda kwamba aliuliza. Mwaka 1967, karibu na senote hii, lilikutwa tangi la chini ya ardhi lenye mifupa ya watoto zaidi ya mia. Uchunguzi wa vinasaba vya 64 kati yao ulichapishwa mwaka 2024 katika jarida la Nature. Wote walikuwa wavulana, wengi wa kati ya miaka mitatu na sita, baadhi wakiwa ndugu wa karibu, na wamo mapacha wa kufanana jozi mbili. Mama aliposikia mapacha aliinamisha kichwa akasoma dua yake kwa sauti ya chini, na yule kijana akavua kofia akasubiri hadi alipomaliza. Kisha akaongeza jambo ambalo kwake lilikuwa zito kuliko yote. Uchunguzi uleule uliwalinganisha na wakazi wa leo wa kijiji cha Tixcacaltuyub, ukakuta wana nasaba na watu wale wa kale. "Watalii huniuliza Wamaya walipotelea wapi," alisema. "Mimi nimeamka nikaongea Kimaya na mama yangu leo asubuhi." Wanaoizungumza lugha hiyo Mexico ni zaidi ya laki saba.

Tulitoka saa tano, wakati mabasi makubwa yanaanza kumimina watu. Kutoka hapo tulipita mji mdogo wa Pisté, tukaenda magharibi kama kilomita 20 hadi Yokdzonot. Senote yake iko kijijini na inaendeshwa na ushirika wa wanakijiji ulioanzishwa na akina mama. Walilikuta shimo limejaa vichaka na taka, wakalisafisha kwa mikono yao, wakajenga ngazi, vyoo, mabafu na jiko. Mama, ambaye kwao Tanga yumo kwenye kikundi cha kuweka na kukopa, alipoelezwa hivyo akasema, "Hawa ndio watu wangu," akashuka garini kabla sijamfungulia mlango.

Utaratibu wa senote ni kuoga kwanza, lazima, ili usipeleke losheni ya jua na mafuta ya mwilini kwenye maji, maana hayo maji yanatembea chini ya ardhi na watu wanayategemea. Kwa hiyo losheni iache hotelini, vaa mikono mirefu na kofia. Wanaojisitiri wasiwe na wasiwasi. Mimi na mama tulivaa mavazi ya kuogelea ya kufunika mwili mzima na kichwa, na hakuna aliyetukodolea macho. Jaketi okozi ni lazima kwa kila mtu, ajue kuogelea asijue, na nililishukuru sharti hilo, kwani mama asingekubali kulivaa peke yake.

Ngazi ni za mbao, zina mahali pa kushika, nasi tulishuka taratibu, mimi nikiwa mbele yake, uso kwa uso naye, nikirudi nyuma hatua kwa hatua. Hilo alinifundisha mwongozaji, kwamba mzee anayeteremka ana amani zaidi akikuona mbele. Chini kuna jukwaa. Kuta zimeizunguka senote, mizizi na mimea inaning'inia, na juu ni duara la mbingu. Kulikuwa na ndege aina ya toh, mwenye mkia wa manyoya mawili marefu yenye vishungi nchani. Hutaga kwenye kuta za senote, na wenyeji wanasema ukimwona, maji hayako mbali.

Mama alikaa ukingoni, miguu majini, nikamwacha. Sikumbembeleza. Visamaki vidogo vyeusi vilikuja kumdonoa vidole akacheka. Maji ni ya baridi kiasi, siyo ya kukata pumzi. Baada ya muda alichota kiganjani, akayaonja kwa ncha ya ulimi, akasema hayana chumvi hata kidogo, na pale pale akaniambia nimshike mkono. Kuna kamba iliyovutwa toka upande hadi upande. Alishuka akiwa ameishika kwa mikono yote miwili, jaketi likamwinua, miguu ikakosa chini, akashtuka, akalitaja jina la Mungu, kisha akagundua kwamba hazami. Chini yake kulikuwa na makumi ya mita za maji, jambo ambalo nilikubaliana na mwongozaji tusimwambie hadi atoke. Tulikwenda kamba yote hadi upande wa pili tukarudi. Magoti, alisema, hayakuwa na uzito wowote.

Chakula tulikula hapo hapo. Kwa Waislamu, cochinita pibil na poc chuc, vyakula ambavyo kila mtu atakusifia Yucatán, ni nyama ya nguruwe, na maharage nayo mara nyingi huungwa kwa mafuta ya nguruwe, kwa hiyo uliza. Sisi tuliomba kuku wa pibil, aliyepakwa achiote, kiungo chao chekundu, na maji ya machungwa machachu akafungwa kwenye majani ya mgomba. Suala la kuchinja linabaki kwa kila mtu na dini yake. Mama alikula samaki.

Kisha akamwita yule kijana, "Mwanangu, njoo unitafsirie," akaanza kuwauliza akina mama wale wanagawanaje zamu, na fedha anashika nani. Maswali yalitoka Kiswahili, nikayatia Kihispania, kijana akayatia Kimaya, na majibu yakarudi kwa njia ileile. Walizungumza hadi tukachelewa kuondoka, na hakuna aliyelalamika. Ukienda, beba peso taslimu za kulipia kiingilio na chakula cha ushirika na za kumshukuru mwongozaji, na mwambie mapema kwamba utahitaji muda wa kukaa.