Kutoka Tanuru hadi Kitanda cha Mfumi: Nilivyozunguka Vijiji vya Mafundi wa Mekong

Ukifika Mang Thit, eneo la wachoma matofali mkoani Vinh Long, kwa gari utaona migongo ya matanuru na marundo ya matofali, basi. Kazi yenyewe imeelekea majini. Huko ndiko udongo unakoshushwa, ndiko boti za pumba za mpunga zinakofunga, ndiko matofali yaliyoiva yanakopakiwa. Vijiji vingi vya mafundi kusini mwa Vietnam viko hivyo: vilikaa kando ya mto kabla barabara hazijafika, na hadi leo vimeipa barabara mgongo. Ndiyo maana nilipopanga kuvizunguka niliacha basi la watalii linalotoka Ho Chi Minh City asubuhi na kurudi jioni, nikachagua baiskeli na boti.

Mto Mekong ukiingia Vietnam huwa umeshakuwa mito miwili mikubwa, Tien na Hau, nayo hugawanyika tena kabla ya kumwaga maji baharini. Katikati kuna mtandao wa mifereji, mingine ya asili, mingine imechimbwa kwa mikono ya watu. Nilianzia Vinh Long, kiasi cha kilomita 135 kusini-magharibi mwa Ho Chi Minh City, nikaufuata mto taratibu kwenda juu hadi Chau Doc, jirani na mpaka wa Kambodia. Nilikwenda wakati wa kiangazi chao, kati ya Desemba na Aprili, kwa sababu mafundi wa huko wanalitegemea jua. Matofali mabichi, ndago za mikeka, mabua ya magugu maji, nyuzi zilizotiwa rangi, vyote huanikwa nje. Mvua zikianza, kazi husuasua na vijia hujaa tope.

Maandalizi hayakuwa makubwa. Viza niliomba mtandaoni. Tangu Agosti 2023 Vietnam inatoa viza ya kielektroniki ya hadi siku 90 kwa raia wa nchi zote. Baiskeli niliinunua Vinh Long, ya mtumba, yenye kikapu mbele na keria imara nyuma, bila gea. Gea hazihitajiki: eneo lote nililopita ni tambarare, na milima pekee utakayopanda ni madaraja. Kununua kulinifaa kuliko kukodi kwa sababu sikulazimika kurudi nilikotoka. Nilipomaliza safari Chau Doc nilimuuzia fundi baiskeli. Pancha nazo zisikutie hofu. Kila baada ya mwendo mfupi kuna kibao cha "sửa xe", yaani matengenezo ya baiskeli na pikipiki, na chini yake mzee mwenye beseni la maji, gundi na pampu.

Kilichonisaidia kuliko simu ni karatasi. Mama mwenyeji wangu wa Vinh Long aliniandikia kwa Kivietnam kwamba natoka Tanzania, napenda kuona kazi za mikono, sipigi picha bila ruhusa, na niko tayari kulipia muda wa fundi. Programu ya kutafsiri nilikuwa nayo, lakini kumnyooshea simu mtu ambaye mikono yake imejaa udongo ni kumwongezea adha. Karatasi inasomwa kwa macho tu, fundi anaitikia kwa kichwa, kiti cha plastiki kinaletwa.

Kuhusu anwani, usizishike sana. Mwezi Julai 2025 mikoa ya Vietnam iliunganishwa kutoka 63 ikawa 34, na wilaya zikafutwa, kwa hiyo ramani na vitabu vingi vinataja majina ambayo ofisini hayatumiki tena. Ulizia jina la kijiji, la mfereji au la soko. Hayo wenyeji hawajayabadilisha.

Asubuhi ya Mang Thit, nahodha wa boti niliyokodi alisema tusubiri maji yajae. Mimi ni mtu wa Tanga, habari za kupwa na kujaa nimekua nazo, lakini nilistaajabu kukuta bahari ikitawala mifereji iliyo mbali nayo kiasi kile. Maji yakipwa, mfereji wa Thay Cai huwa mwembamba na boti iliyosheheni hukwama kwenye tope. Mafundi hupanga upakiaji wao kwa saa za maji, na mgeni naye apange ziara yake hivyo hivyo. Tulipoingia, matanuru yalikuwa yamejipanga pande zote mbili, ya duara, yamejengwa kwa matofali na kuishia kwa kuba juu, marefu kuliko nyumba za wenyewe.

Ndani ya tanuru, matofali mabichi hupangwa kwa mkono, moja moja, yakiachiwa nafasi ya moto kupita. Kisha mlango huzibwa na moto huanza mdogo mdogo ili kutoa unyevu, maana ukiharakisha, tofali hupasuka. Kuni zao ni pumba za mpunga. Mama mmoja alikuwa amekaa mbele ya kinywa cha tanuru akimimina pumba kidogo kidogo, akitazama rangi ya moto na kusikiliza mvumo wake. Zamu yake ikiisha hukaa mwingine, usiku na mchana, kwa siku nyingi mfululizo, kisha tanuru huachwa lipoe kwa siku nyingine kadhaa kabla ya kufunguliwa. Pumba hutoka kwenye mashine za kukoboa mpunga, huletwa kwa boti zilizojazwa mpaka juu kama kichuguu, na majivu yake huishia mashambani. Nilikaa pale hadi nahodha akaniita kwamba maji yanaanza kurudi.

Roho iliniuma kuona matanuru mengi yamezimwa. Katika miaka ya 1980 yalihesabiwa kwa maelfu. Leo yamebaki mamia, na mengi ya hayo hayawashwi. Udongo mzuri umepungua, pumba zimepanda bei kwa kuwa zina wanunuzi wengine, na viwanda vya kisasa huchoma matofali kwa haraka na kwa bei ya chini. Mamlaka za huko zina mpango wa kuyahifadhi kama urithi. Naomba kwa dhati mpango huo uwape nafasi wanaotaka kuendelea kuchoma, kwa sababu tanuru lisilowashwa huota miti juu ya kuba na mizizi huanza kulipasua.

Kutoka hapo nilishika vijia vya zege vilivyo kando ya mifereji. Hivi ndivyo vilivyonifurahisha zaidi kwa baiskeli. Upana wake ni wa pikipiki mbili kupishana kwa adabu, kivuli cha minazi kipo karibu njia yote, na malori hayaingii. Barabara kuu ya taifa nilikuwa naivuka tu, sikuifuata.

Kwenye vijia hivyo ndipo nilipoona kazi ambayo sikuiweka kwenye mpango wangu. Magugu maji, yale yale yanayoziba ghuba za Ziwa Victoria kule Kisumu na Mwanza, yalikuwa yameanikwa kandokando ya njia kwa mafungu. Wenyeji huyakata mabua marefu, huyakausha juani mpaka yawe ya kahawia na laini, kisha huyasuka juu ya fremu za chuma kuwa vikapu, makasha na viti vya kusafirishwa nje ya nchi. Malipo ni kwa kipande, na msukaji hukaa barazani kwake huku akimtazama mjukuu. Bibi mmoja alinikalisha akanionyesha jinsi ya kulilowesha bua kidogo kabla ya kulikunja ili lisikatike. Kwetu wapo kina mama wanaosuka magugu haya, na ninawaheshimu, lakini huku nilichokiona ni mnyororo mzima: mkataji, mkaushaji, mpimaji wa unene, msukaji, na mnunuzi anayepita na boti kukusanya. Huo ndio ungefaa kuigwa kanda ya ziwa.

Sa Dec nilipita kwa haraka. Ni mji wa unga wa mchele na tambi zake, na wa maua yanayopandwa kwenye vichanja juu ya maji, wakulima wakipita katikati kwa mitumbwi. Pazuri, ila karibu na Mwaka Mpya wao pana msongamano mkubwa.

Dinh Yen, upande wa Mto Hau, ni kijiji cha mikeka. Ndago zao ni jamii moja na mafunjo. Huchanwa, hukaushwa, huchovywa kwenye sufuria za rangi inayochemka, nyekundu, kijani, manjano, zambarau, kisha huanikwa tena. Kwenye kitanda cha mfumi cha zamani wanakaa wawili. Mmoja anapitisha ndago kwa kijiti kirefu, kulia mara moja, kushoto mara moja. Mwenzake anashusha kichana kwa nguvu kuibana. Hawaongei kuhusu kazi, mikono inajuana. Siku hizi mashine ndizo nyingi, na mtaa mzima unavuma kwa sauti yake. Mimi sioni ubaya wa mashine kama inamwezesha kijana kubaki kijijini, ila mkeka wa mkono nilipoushika ulikuwa mzito na umebanana zaidi, na ndio nilioununua.

Kijiji hiki kilikuwa na soko la usiku lililojulikana kote kwenye delta. Wanunuzi walikuja kwa boti, wakafunga, na wauzaji walibeba mikeka mabegani wakizunguka gizani na taa ndogo mpaka bei ipatane. Soko lilifanyika usiku kwa sababu mchana ulikuwa wa kufuma na kuanika. Barabara zilipofika na malori yakaanza kuchukua mzigo mlangoni, soko likafifia, na sasa huigizwa kwa ajili ya wageni. Nilipendelea kwenda alfajiri, kutazama mafungu ya ndago yakitolewa kuanikwa.

Kuanzia hapo ni pantoni juu ya pantoni. Utaratibu ni rahisi: unashuka kwenye baiskeli, unalipa dong (pesa ya Vietnam) elfu chache, unasukuma hadi mbele pamoja na pikipiki, unashikilia breki. Weka noti ndogo ndogo mfukoni, maana mkata tiketi hana muda wa kukuvunjia noti kubwa. Nilivuka hadi Cho Moi, nikapita Cho Thu kwa maseremala wanaochonga makabati na madhabahu za nyumbani, kisha nikaendelea hadi Chau Doc.

Chau Doc nilikodi boti tena, na baiskeli nikailaza ubavuni ndani yake. Tulipita kati ya nyumba zinazoelea ambazo chini ya sakafu yake kuna vizimba vya samaki, tukavuka hadi upande wa Chau Phong, kwenye vijiji vya Wacham, kabila dogo la Vietnam. Tangu Aprili 2024 kuna daraja jipya, kwa hiyo siku ya pili nilirudi kwa kuendesha baiskeli. Nashauri kufanya yote mawili, kuanzia na boti.

Wacham wa hapa ni Waislamu wa Sunni wanaofuata madhehebu ya Shafi, kama sisi wa pwani. Nilitoa salamu langoni, "Asalaam alaikum", na ile karatasi yangu haikutoka mfukoni. Adhuhuri niliswali nao msikitini, wanaume wengi wamevaa saruni na kofia, na mzee mmoja akanipeleka nyumbani kula soseji ya nyama ya ng'ombe wanayoitengeneza wenyewe na kuikausha juani. Nyumba zao ni za mbao, zimeinuliwa juu ya nguzo kwa ajili ya mafuriko ya kila mwaka, na nyingine zina kitanda cha mfumi pale pale uvunguni.

Familia zinazofuma zimebaki chache, kwa kuwa nguo za kiwandani ni rahisi mno. Mama niliyemkuta akifuma alikuwa na nyuzi nyingi zimetandikwa, na kwa miguu alibadilisha zipi zinyanyuke na zipi zishuke, huku mkono ukirusha uzi upande hadi upande. Binti yake aliyesoma Malaysia alitutafsiria kwa Kiingereza. Nilimweleza kwamba kwetu kikoi bado kinavaliwa, nikamwonyesha picha. Alizivuta karibu, akazitazama pindo na nyuzi za mwishoni kwa muda, kisha akauliza upana wake, urefu wake, na kama wavaaji wanapenda pamba tupu au iliyochanganywa.

Nilinunua saruni kadhaa kwa bei aliyoitaja, bila kuvutana, kwa sababu nilikuwa nimeona saa zinazoingia kwenye kila moja. Niliporudi Tanga nilipima vikoi vya nyumbani na vya dukani, nikamtumia binti yake vipimo vyote pamoja na picha za mpangilio wa mistari. Ameshanijibu kwamba mama yake anatandika nyuzi za kipande cha kwanza cha majaribio.