Jinsi nilivyomaliza mfumo uliokuwa "umebaki kidogo" miezi minne

Wakuu, tulikuwa vijana watatu hapa Mwanjelwa, Mbeya, tunaandika mfumo wa kompyuta wa mizani wa ushirika mmoja wa kahawa kule Mbozi, mkulima analeta mzigo, unapimwa, anapata meseji ya kilo zake. Kazi ya miezi miwili ikaenda minne na kila nikiuliza naambiwa "imebaki kidogo tu kaka". Kidogo gani hicho kisichoisha!

Nikakaa nikahesabu, vipande 11 vya mfumo vimeanzwa, kilichoisha hakuna. Halafu katibu wa ushirika anatuma mabadiliko WhatsApp kwa kila mtu kivyake, leo huyu ongeza ripoti, kesho yule badilisha risiti.

Nikabandika manila ukutani, safu tatu: bado, inafanyika, imeisha. Ni kanban, ile njia ya kupanga kazi iliyotoka viwanda vya Toyota kule Japani, wengi wanabandika ila wanasahau sheria yenyewe, kwenye inafanyika visizidi vitatu, ukimaliza chako mapema hugusi kipya, unamsaidia aliyekwama. Na "imeisha" maana yake karani wa mizani kaijaribu kwa simu yake, sio inakubali kwenye laptop yako. Wiki ya kwanza walininunia kweli.

Maombi ya katibu yote yakapitia kwangu, akitaka kipya namuuliza tutoe kipi. Nusu akaacha mwenyewe. Kila Ijumaa napanda kosta mpaka Vwawa huko Mbozi kuwaonyesha ushirika kilichopo, hata kama ni skrini moja. Wiki ya sita tukapima gunia la kwanza, risiti ikatoka jina limekosewa lakini kilo sahihi.